Mtu na Sura Yake Katika Senema za Mambo ya Kweli za Japani

Katika senema za hadithi mchezaji huvaa jina la mtu mwingine na kulivua kazi ikiisha. Katika senema za mambo ya kweli mtu hutokea kwa jina lake mwenyewe na uso wake mwenyewe, na yaliyoonwa humfuata hata nyumbani. Watengenezaji wa senema wa Japani wamelishughulikia jambo hili kwa njia zilizo mbalimbali.

Mwaka 1954 Hani Susumu alitengeneza "Kyoshitsu no kodomotachi", yaani "Watoto wa Darasani". Aliacha shauri la kutumia watoto wa kuigiza, akaiweka kamera wazi mbele ya wanafunzi wenyewe, nao baada ya muda wakaizoea wakaendelea na mambo yao. Imamura Shohei hakufanya hivyo katika "Ningen johatsu" ya mwaka 1967. Humo mwanamke anamtafuta mchumba wake aliyetoweka, pengine akipigwa picha kwa kamera iliyofichwa, na anayefuatana naye kuuliza habari ni mchezaji wa senema.

Aliyelemewa zaidi na jambo hili ni Tsuchimoto Noriaki. Mwaka 1965 alikwenda Minamata, ambako zebaki iliyomwagwa baharini na kiwanda cha Chisso iliwadhuru waliokula samaki. Ugonjwa huo ulikuwa umetambuliwa rasmi mwaka 1956. Huko mama mmoja alimkemea vikali kwa kumpiga picha mtoto wake pasipo ruhusa, na maneno hayo yakamchoma moyo. Aliporudi mwaka 1970, yeye na wenzake walikaa na jamaa za wagonjwa waliokwisha kuishtaki kampuni mahakamani, wakaenda nyumba hata nyumba, na wenyewe wakaeleza habari zao. Senema hiyo ilitolewa mwaka 1971 kwa jina la "Minamata: Kanja-san to sono sekai". Neno "kanja" maana yake ni mgonjwa. "San" ni neno la heshima litajwalo baada ya jina la mtu. Kwa hiyo jina la senema lenyewe lamtaja mgonjwa kwa adabu, kama atajwavyo jirani.

Walakini adabu ya mpiga picha haimalizi yote. Katika "Yuki yukite shingun" ya Hara Kazuo, mwaka 1987, Okuzaki Kenzo, askari wa zamani wa New Guinea, anawaendea wakubwa wa jeshi majumbani mwao awaulize juu ya askari waliouawa na wenzao baada ya vita kwisha. Ndugu za marehemu walipoacha kufuatana naye, alimweka mkewe na mtu mwingine wajifanye ndio ndugu hao. Okuzaki aliitaka kamera na kuitumia. Wazee waliofunguliwa milango yao hawakuiita. Wote wawili waonekana kwa majina yao, lakini ridhaa ya mmoja haiwezi kuhesabiwa kuwa ni ridhaa ya mwingine.