Dangdut na Safari Yake Indonesia

Dangdut, muziki unaopendwa mno na watu wa kawaida nchini Indonesia, ulichipuka katika orkes Melayu, yaani bendi za muziki wa Kimalayu, ambazo tangu miaka ya 1950 zilichota tuni kutoka filamu za Kihindi, kama walivyofanya pia waimbaji wa taarabu wa pwani ya Afrika Mashariki. Mlio wa ngoma yake ndio uliozaa jina hilo, ambalo mwanzoni lilitamkwa kwa dharau na wasomi wa mijini. Aliyeubadilisha kwa kina ni Rhoma Irama, ambaye pamoja na kundi lake la Soneta aliingiza magitaa ya umeme ya roki na mafundisho ya Kiislamu, na baada ya kukipigia kampeni chama cha upinzani cha PPP mwaka 1977, televisheni ya taifa ikamfungia milango kwa takriban miaka 11. Mwaka 2003 ni yeye aliyemkemea hadharani Inul Daratista, mwimbaji kutoka Jawa Mashariki, kwa uchezaji wake wa kiuno. Hata hivyo koplo, aina ya dangdut yenye mapigo ya kasi iliyokulia mkoani humo, ilizidi kuenea.