Programu inapokataa kupakuliwa au kusasishwa kwenye simu

MUUZAJI wa nafaka katika soko la Kimilili, Kaunti ya Bungoma, anafungua programu ya benki kwenye simu yake ili kujua kama mnunuzi wa Kitale amekwisha kulipa. Badala ya salio anapata ilani fupi: programu hii imepitwa na wakati, isasishe ndipo uendelee. Anabonyeza. Duara linazunguka kwa muda, kisha yanatokea maandishi kwamba upakuaji unasubiri. Kinachosubiriwa hakitajwi.

Mikasa ya aina hii huwapata wenye simu kote duniani, lakini nchini Kenya uzito wake ni wa pekee. Tangu M-Pesa ilipoanzishwa na Safaricom Machi 2007, simu imekuwa mkoba wa fedha, na baadaye ikawa pia mlango wa benki, wa chama na wa huduma za serikali. Aidha, mpango wa Lipa Mdogo Mdogo ambao Safaricom na Google walizindua Julai 2020, uliomwezesha mteja kulipia simu ya 4G kwa Sh20 kwa siku, uliwafikishia simu za kisasa watu wengi ambao hapo awali walikuwa na mulika mwizi tu. Simu hizo za bei nafuu ndizo zenye nafasi ndogo ya kuhifadhi vitu, na ndizo zinazokwama mara nyingi zaidi.

Anayekwama kwa kawaida huenda kwa fundi. Wapo mafundi hodari, lakini wapo pia wanaotumia dawa kali kabla ya kupima ugonjwa: huifuta simu yote na kuirudisha katika hali iliyotoka nayo kiwandani. Picha na namba za watu hupotea, na wakati mwingine simu yenyewe hugoma kufunguka, kama itakavyoelezwa. Ilhali vyanzo vingi vya tatizo hili vinaweza kukaguliwa na mwenye simu mwenyewe kwa dakika chache, bila malipo. La muhimu ni kuanza na jambo lisilogharimu kitu wala kuhatarisha chochote, kisha kuendelea polepole kuelekea mazito.

Hatua ya kwanza inajulikana na wengi lakini hurukwa na wengi: kuizima simu kabisa na kuiwasha upya. Programu zilizoning'inia hufungwa, na simu huomba mtandao upya kutoka kwa mnara. Ikiwa tatizo limebaki, inafaa kutazama nafasi.

Nafasi iliyojaa

Simu inayouzwa kwa jina la gigabaiti 8 haimpi mnunuzi gigabaiti 8. Sehemu kubwa tayari imechukuliwa na mfumo wa uendeshaji pamoja na programu zilizokuja na simu. Kisha kuna hesabu ambayo wengi hawaijui: programu inayoonyeshwa kuwa na megabaiti 60 huhitaji nafasi kubwa kuliko hiyo wakati wa kusasishwa. Faili mpya hupakuliwa na kufunguliwa wakati toleo la zamani lingali mahali pake. Ndiyo maana simu yenye megabaiti 100 zilizobaki hukataa kazi ambayo mwenyewe anaamini inatosha.

Nani amekula nafasi hiyo? Katika simu nyingi jibu ni WhatsApp. Mtu mmoja wa Kimilili anaweza kuwa katika kundi la matanga, la harambee ya karo, la chama, la kanisa na la wazazi wa shule, na kila kundi hutuma video zilezile zilizokwisha kutumwa na kundi jingine. Isipozuiwa, WhatsApp huzipakua yenyewe. Katika mipangilio yake kuna sehemu ya hifadhi inayoonyesha faili kubwa kuliko zote na makundi yaliyozileta. Kufuta video 20 za aina hiyo kwaweza kurejesha nafasi kuliko kuondoa programu tano ndogo. Hapo hapo upakuaji wa video bila idhini unaweza kuzimwa.

Kadi ya kumbukumbu husaidia kubeba picha na nyimbo, lakini isitegemewe sana kwa programu. Programu nyingi, hasa zile za benki, hukaa katika hifadhi ya ndani ya simu tu. Simu iwe na angalau gigabaiti moja tupu wakati wote. Ikipungua hapo, visa vya kukwama huongezeka.

Hapa inafaa tahadhari kuhusu maneno mawili yanayokaribiana katika mipangilio ya simu. Kufuta akiba ya programu ni kuondoa faili za muda ambazo programu itaziunda tena, na hakumpotezei mtu kitu. Kufuta data, au hifadhi, ya programu ni kuifanya iwe kama iliyosakinishwa leo. Kwa Play Store yenyewe hilo halina madhara makubwa, na mara nyingi ndilo linaloondoa mkwamo wa upakuaji usiokwisha kusubiri. Kwa WhatsApp, mazungumzo yote ambayo hayajahifadhiwa kwingine yatakwenda na maji. Asiyekuwa na hakika anabonyeza lipi asibonyeze.

Bando lililopo na lisilokuwepo

Malalamiko yanayosikika sana ni haya: “Intaneti ipo, mbona WhatsApp inafanya kazi?” Jibu mara nyingi limo katika aina ya bando. Kampuni za simu huuza mabando ya WhatsApp pekee au ya mitandao fulani ya kijamii. Mwenye bando la namna hiyo atapokea ujumbe na picha bila taabu, lakini Play Store haimo katika kile alichonunua. Ikiwa hana salio jingine la data, upakuaji utasubiri hadi mwisho wa dunia.

Bando la saa moja nalo lina mtego wake. Mtu hununua data nyingi kwa bei ndogo, huanza kupakua programu mahali penye mtandao dhaifu, na saa huisha kabla kazi haijakamilika. Upakuaji uliokatika kwa kawaida huendelea ulipoishia, lakini wakati mwingine huanza upya, na fedha zimekwisha kuteketea. Ni afadhali kazi hiyo ifanywe mahali penye mtandao imara, au kwa Wi-Fi ya mtu anayeaminika, kuliko kununua bando mara tatu kwa programu ileile.

Simu za laini mbili zina kasoro nyingine. Bando limenunuliwa kwenye laini ya kwanza, lakini simu imepangiwa kutumia data ya laini ya pili, ambayo haina kitu. Jambo hili hutokea hasa baada ya laini kutolewa na kurudishwa. Mipangilio ya laini huonyesha ni ipi iliyochaguliwa kwa data.

Play Store pia ina mapendeleo yake ya mtandao. Ikiwa imeamriwa kupakua kwa Wi-Fi pekee, bando lolote la simu halitaigusa. Amri hiyo hubadilishwa ndani ya mipangilio ya Play Store yenyewe. Hali ya kuokoa data na ile ya kuokoa betri nazo zaweza kusimamisha upakuaji unaofanyika nyuma ya pazia. Tena, Play Store hupanga masasisho foleni: ikiwa programu nyingine 15 zinasasishwa zenyewe, ile ya benki itangoja zamu yake. Kusitisha zile nyingine huifungulia njia.

Wakati mwingine lawama haiko kwenye simu hata kidogo. Mnamo Mei 12, 2024 nyaya mbili za chini ya bahari, EASSy na Seacom, ziliharibika, na intaneti ikadorora katika Kenya na nchi jirani. Aliyefuta programu zake siku hiyo akidhani zimeharibika alijiongezea kazi, kwa kuwa kuzirejesha kulihitaji mtandao uleule uliokuwa umedorora. Kabla ya kufuta chochote, ni vyema kumuuliza jirani kama yake inafanya kazi.

Saa na akaunti

Kwa mtazamo wa kwanza saa ya simu haihusiani na upakuaji. Ukweli ni kwamba simu haizungumzi na Play Store au benki kabla ya kukagua cheti cha usalama cha upande wa pili, na kila cheti kina tarehe ya kuanza na ya kuisha. Simu iliyokaa bila chaji kwa wiki kadhaa yaweza kuamka ikiwa imerudi miaka mingi nyuma. Kwa simu hiyo, kila cheti ni cha siku zijazo, kwa hiyo haiamini yeyote. Kuweka tarehe na saa zifuate mtandao, na majira yawe ya Nairobi, humaliza tatizo ambalo lingeonekana kama uchawi.

Akaunti ina matatizo mazito zaidi. Ili kutumia Play Store lazima simu iwe na akaunti ya Google. Wanunuzi wengi hufunguliwa akaunti hiyo na muuzaji dukani, au na kijana wa nyumbani, kisha nenosiri halikumbukwi na mtu. Hakuna dalili ya hatari hadi siku ambayo Google inataka nenosiri liandikwe tena. Hapo upakuaji wote husimama. Wengine wanatumia akaunti iliyounganishwa na namba ya simu waliyoiacha zamani. Laini isiyotumika kwa muda mrefu hurudishwa sokoni na kuuzwa upya, hivyo ujumbe wa kurejesha nenosiri waweza kumfikia mtu mwingine kabisa.

Hapo ndipo ile dawa kali ya kuifuta simu inapogeuka sumu. Tangu toleo la Android 5.1 la mwaka 2015, simu iliyofutwa bila akaunti kuondolewa kwanza yaweza kudai akaunti iliyokuwamo awali kabla ya kufunguka. Kinga hiyo iliwekwa dhidi ya wezi, lakini humkaba hata mwenye mali aliyesahau nenosiri. Mtu aliyekwenda kwa fundi kwa sababu ya programu moja hurudi nyumbani na simu asiyoweza kuitumia. Kwa hiyo kabla ya kuruhusu simu ifutwe, mwenyewe ahakikishe mambo matatu: anajua anwani na nenosiri la akaunti, namba ya kurejeshea akaunti ni yake na ipo hai, na mazungumzo pamoja na picha zake zimehifadhiwa nje ya simu.

Simu iliyozeeka na programu za vichochoroni

Ipo simu ambayo haina ugonjwa wowote ila umri. Mnamo Septemba 27, 2021 Google ilisimamisha uwezo wa kuingia katika akaunti kwa simu za Android 2.3.7 na zile za kabla yake. Oktoba 2023 WhatsApp iliacha kufanya kazi kwenye Android iliyo chini ya toleo la 5.0, na Mei 2025 ikaziacha iPhone zenye iOS ya chini ya 15.1, zikiwemo iPhone 5s na iPhone 6. Ujumbe unaosema kwamba kifaa hakioani na toleo hili humaanisha hivyo tu, na hakuna fundi anayeweza kuulainisha kwa kufuta akiba. Toleo la mfumo huonekana katika mipangilio, kwenye sehemu ya kuhusu simu. Pengine lipo sasisho la mfumo wenyewe ambalo halijapakuliwa. Kwa aina mpya za Huawei, kuanzia Mate 30 ya Septemba 2019, Play Store haimo kwa sababu ya vikwazo vya Marekani vya Mei mwaka huo, na mahali pake ni AppGallery.

Wengi wakishindwa na njia rasmi hupokea faili ya programu kutoka kwa rafiki au kwenye kundi. Njia hii ndiyo iliyoeneza GBWhatsApp, ambayo si ya WhatsApp, haisasishwi kupitia Play Store, na huweza kusababisha namba ya mtumiaji kufungiwa na WhatsApp yenyewe. Kwa programu ya fedha hatari ni kubwa zaidi. Faili iliyoundwa na mlaghai yaweza kufanana na ya benki kwa rangi na nembo, huku ikisoma ujumbe mfupi unaoleta namba za siri. Mtu anayepiga simu akijidai kuwa mhudumu wa benki na kuagiza programu fulani ipakuliwe upesi asisikilizwe.

Ilani ya kusasisha ikimkuta mtu akiwa safarini kati ya Kimilili na Kitale, bila bando wala nafasi, bado fedha zake hazijafungiwa. M-Pesa hufanya kazi kwa kupiga *334# na kupitia menyu ya laini, bila intaneti na bila programu yoyote kupakuliwa. Benki nyingi zina namba zao za aina hiyo, zinazopatikana kwenye tawi. Inafaa kuiandika pembeni mapema. Nazo huduma za eCitizen hufunguka kwenye kivinjari cha kawaida, kwa hiyo mwenye simu isiyokubali programu mpya anaweza kuingia huko huko, mradi awe na bando linaloruhusu tovuti.