Sentensi Yenye Pengo: Tafsiri katika Michezo ya Video

Aghalabu sisi walimu wa lugha hudhani kwamba michezo ya video haituhusu. Hata hivyo, historia ya michezo hiyo ni pia historia ya tafsiri, na ndani yake limo jambo linaloigusa sarufi ya Kiswahili.

Mwaka 1989 kampuni ya Toaplan ya Japani ilitoa mchezo uitwao Zero Wing. Toleo lake la Ulaya la mashine ya Mega Drive, lililofuata mwanzoni mwa miaka ya 1990, lilikuwa na Kiingereza kibovu mno, hata kufikia mwaka 2001 maneno yake yalikuwa mzaha duniani. Zama zile, maneno ya michezo mingi yalichanganywa na programu yenyewe. Asiye fundi hakuweza kuyasahihisha.

Baadaye mafundi waliyatenga maneno na programu. Kila sentensi hupewa ufunguo, na tafsiri za kila lugha huwekwa katika faili lake. Programu ikiita ufunguo, faili hujibu kwa lugha aliyoichagua mchezaji. Chombo kimoja cha kazi hiyo ni GNU gettext, kilichotolewa mwaka 1995. Nao mchezo wa The Battle for Wesnoth, ulioanza mwaka 2003, hukitumia, na watu wa kujitolea huutafsiri.

Chombo hicho kilikumbuka idadi. Kila faili hutaja maumbo ya umoja na wingi katika lugha yake: Kijapani umbo moja, Kiingereza mawili, Kipolandi matatu. Lakini idadi si ngeli. Mtunzi wa Kiingereza huandika sentensi moja yenye pengo, kisha programu hulijaza pengo hilo kwa jina la kitu chochote. Kwetu kisu kimevunjika, upanga umevunjika, jiwe limevunjika. Kiambishi kimoja hakiwezi kuvitosha vyote vitatu, na mchezaji atasomeshwa "kisu imevunjika" bila kosa la mtafsiri.

Dawa ipo: kila kitu kiandikiwe sentensi yake kamili, au sentensi igeuzwe isidai upatanisho, kama vile "Umevunja" na jina la kitu kufuata. Basi yatupasa tuwafundishe wanafunzi wetu ngeli pamoja na sababu yake, ili watakapokabidhiwa mafaili hayo wadai sentensi nzima, wasikubali pengo.