Kigego wa Vuga na Sheria za Kufukuzana

Masimulizi ya ufalme wa Usambara huanza kwa mtu aliyefukuzwa. Mbega, mwindaji wa Ngulu, alikuwa kigego: meno yake ya juu yalitangulia kuota, na kwa mila za huko mtoto wa namna hiyo alihesabiwa kuwa nuksi kwa jamaa zake. Walimnyima urithi, akatoka na mbwa wake. Alipopanda milimani hakuja na jeshi wala hati. Aliwaua nguruwe mwitu waliokuwa wakila mashamba, akagawa nyama, akaamua magomvi. Na alipomuua simba, watu wa Vuga wakampa jina la Simba Mwene na kumtawaza. Aliyekuwa nuksi kwao akawa mfalme ugenini.

Aliyeandika habari hizo, Abdallah bin Hemedi 'lAjjemy, naye alikuwa mgeni: mzaliwa wa Unguja aliyekwenda kuwa karani wa Semboja, mkuu wa Kikilindi. Kitabu chake, Habari za Wakilindi, kazi ya Mwislamu wa pwani, kilipigwa chapa na misheni ya Kianglikana ya Magila. Hivyo ndivyo historia ya milima ilivyohifadhiwa: kwa mikono ya watu waliotoka kwingine.

Lakini kizazi cha Mbega kilisahau jinsi babu yao alivyopokewa. Baada ya kufariki Kimweri ye Nyumbai mwaka 1862, Wakilindi walipigana wao kwa wao, na raia wakauzwa utumwani. Mwishoni mwa miaka ya 1860 Wabondei waliinuka, katika vita vilivyoitwa Kiva, wakawaua na kuwafukuza watawala hao. Msomaji asikimbilie kusema kuwa Wabondei waliwachukia wageni. Wakilindi walikuwa wamekaa nao kwa vizazi. Kilichokataliwa ni kuuzwa.

Chuki ya mgeni kwa ugeni wake, ile inayoandikwa katika vitabu vya sheria, ilikuwa ikipikwa mbali na milima hiyo. Ujerumani ya Bismarck iliwashuku Wakatoliki kuwa raia nusu, watu ambao utii wao uko Roma. Mwaka 1872 sheria ilipiga marufuku shirika la Wajesuiti. Mwaka 1874 ikawezekana kumvua padri uraia na kumtoa nchini. Mwaka 1875 Prussia ilifunga nyumba za watawa, isipokuwa za wale waliouguza wagonjwa. Kisha ikaja zamu ya wahamiaji: kuanzia mwaka 1885 Prussia iliwafukuza watu wapatao 30,000, Wapolandi na Wayahudi wasiokuwa na uraia wake. Kwa Mpolandi, ambaye aghalabu alikuwa Mkatoliki, chuki mbili zilikutana katika mwili mmoja.

Mwaka huo huo wa 1885, dola hiyo hiyo ilimpa Carl Peters hati ya ulinzi juu ya nchi za watu wengine mkabala wa Zanzibar. Waliokataa kukaa na jirani asiye na karatasi walivuka bahari na karatasi zao wenyewe. Katika Usambara walijenga boma, wakaliita Wilhelmsthal kwa jina la Kaisari wao, ndipo Lushoto. Mwaka 1895 walimnyonga Mputa, mtawala wa Vuga, na mwaka huo amri ya Kaisari ikatangaza kuwa ardhi iliyohesabiwa kuwa haina mwenyewe ni mali ya Dola. Mbega aliomba, akapewa. Hawa walijiandikia.

Hata hivyo, mlimani sheria za nyumbani zililegea. Waprotestanti walikuwa wamefungua misheni Mlalo mwaka 1891. Mwaka 1897 watawa wa Kitrapisti kutoka Mariannhill, Afrika Kusini, wakaanza kazi Gare. Sheria ya makoloni ya mwaka 1900 iliahidi uhuru wa dhamiri kwa madhehebu yaliyotambuliwa Ujerumani, ilhali marufuku ya Wajesuiti huko kwao haikuondolewa kabisa hadi mwaka 1917. Mtawa aliyeogopwa Prussia alikuwa na manufaa Usambara: alifundisha, alilima, na alipeperusha bendera.

Kisha gurudumu likageuka. Waingereza waliiteka Wilhelmsthal mwaka 1916, na Mkataba wa Versailles wa mwaka 1919 ukawapa washindi ruhusa ya kuwarudisha Wajerumani makwao. Walowezi na wamisionari walitolewa, mashamba yakauzwa kama mali ya adui. Mwaka 1925 mlango ulifunguliwa tena. Mwaka 1939 vita vikaufunga, na Wajerumani wakatiwa kizuizini. Wakati huo huo Tanganyika iliwapokea wakimbizi wa Kipolandi, wengi wao Wakatoliki, katika kambi kama Tengeru. Na katika misimu yote miwili ya kufukuzwa kwa wamisionari, Wakristo wa Kishambaa ndio waliobaki na kanisa. Mwaka 1963 kanisa la Usambara-Digo lilikuwa miongoni mwa saba yaliyoungana kuwa Kanisa la Kiinjili la Kilutheri la Tanganyika.

Mtihani mkubwa ulikuja Oktoba 1961, Bunge la Tanganyika lilipojadili mswada wa uraia. Baadhi ya wabunge walitaka uraia uwe wa Waafrika peke yao. Walikuwa na kumbukumbu ya kweli ya dharau na ya ardhi iliyochukuliwa, na mtu wa Lushoto asingeweza kuwaambia kuwa wanaota. Julius Nyerere, Mkatoliki katika nchi yenye dini nyingi, alikataa kupima utii kwa rangi ya ngozi, akasema serikali yake ingejiuzulu kama mswada ungekataliwa. Ulipita.

Sheria za uhamiaji zilizofuata, ya mwaka 1972 na ya mwaka 1995, zimeendelea kuuliza mtu ametoka wapi na ana kibali gani. Ni maswali ya haki kwa dola yoyote. Watu wa Vuga waliuliza jingine: huyu amekuja kutufanyia nini? Kwa swali hilo Mbega angepita, na mwenye amri ya mwaka 1895 angezuiwa. Kwa swali la karatasi, kigego asiye na ukoo angerudishwa Ngulu, na mwenye muhuri wa Kaisari angekaribishwa.