Kidole cha Sakania: Jinsi Mpaka Wetu Ulivyokatwa

Tukifungua ramani ya Kongo na kutazama pembe ya kusini-mashariki, twaona jambo la ajabu. Nchi yetu inachomoza kama kidole na kuingia ndani ya Zambia. Urefu wa kidole hicho ni kilomita karibu 200, na upana wake ni kilomita karibu 70. Kwenye shina lake iko Sakania, na Mokambo haiko mbali. Wabelgiji walikifananisha na buti, Waingereza na kikonyo cha tunda. Sisi wa Lubumbashi twaishi karibu nacho, lakini ni wachache wetu wanaojua kilitoka wapi. Basi tueleze habari hiyo.

Maji yanapogawanyika

Kwanza tuangalie nchi yenyewe. Mvua ikinyesha juu ya mji wetu, maji yake huingia katika mto Lubumbashi, kisha Kafubu, kisha Luapula. Kutoka hapo huenda ziwa Mweru, hushuka kwa Luvua na Lualaba, na mwisho hufika Banana, kwenye bahari ya Atlantiki. Lakini mvua ikinyesha Kitwe, maji huingia katika Kafue, kisha Zambezi, na mwisho wake ni Bahari ya Hindi. Na Kitwe si mbali nasi. Katikati hakuna mlima mrefu. Kuna mwinuko tu, ambao mtu aweza kuuvuka kwa miguu pasipo kuutambua. Mwinuko huo mdogo ndio mpaka wa Kongo na Zambia, kutoka Sakania na Kasumbalesa mpaka mbali sana upande wa magharibi.

Upande wa pili wa kidole uko mto Luapula. Mto huu hautembei njia iliyonyoka. Ukitoka katika mabwawa ya Bangweulu huelekea kusini, kisha hugeuka magharibi, kisha hupanda kaskazini mpaka Mweru. Kati ya mto huo uliopinda na ule mwinuko wa maji inabaki nchi nyembamba. Hiyo ndiyo kidole chetu.

Msiri na wageni wake

Zamani nchi hii haikuwa na mstari huo. Katikati ya karne ya 19 alikuja Msiri, mtoto wa mfanyabiashara kutoka Unyamwezi, akajenga ufalme wake na kukaa Bunkeya. Watu wake waliitwa Wayeke, na nchi iliitwa Garenganze. Misafara yake ilipeleka shaba, pembe za ndovu na watumwa, mingine pwani ya mashariki, mingine upande wa Angola. Alikuwa mfalme mwenye nguvu, na tusifiche, mkali pia.

Mwaka 1885, baada ya mkutano wa Berlin, Léopold wa Pili, mfalme wa Wabelgiji, alitangaza mipaka ya Dola Huru ya Kongo. Wakati huo hakuna afisa wake hata mmoja aliyekuwa amefika Bunkeya. Alikuwa na Katanga kwenye karatasi tu. Kwa sababu hiyo kampuni ya Cecil Rhodes, iliyopewa hati na serikali ya Uingereza mwaka 1889, ilitaka kuitwaa. Mwezi wa Novemba 1890 Alfred Sharpe alifika kwa Msiri na barua ya mapatano ili aitie sahihi. Msiri alikataa, naye Sharpe akarudi mikono mitupu.

Mwaka uliofuata watu wa Léopold walikuja mmoja baada ya mwingine: Le Marinel mwezi wa Aprili, Delcommune mwezi wa Oktoba, na Stairs mwezi wa Desemba. Stairs alikuwa Mwingereza wa Kanada aliyeajiriwa na Wabelgiji, na wengi wa wapagazi na askari wake walitoka Zanzibar na pwani. Msiri hakukubali bendera yao. Tarehe 20 Desemba 1891 afisa Bodson alimpiga risasi akafa, na Bodson naye akauawa na watu wa Msiri. Hivyo ufalme wa Garenganze uliingia mikononi mwa Léopold.

Mstari wa 1894

Tarehe 12 Mei 1894 Uingereza na Dola Huru ya Kongo walifanya mapatano. Waliandika kwamba mpaka utafuata Luapula kutoka Mweru mpaka mahali mto unapotoka Bangweulu. Kutoka pale mstari ulionyoka utashuka kusini mpaka mwinuko wa maji, kisha utaufuata mwinuko huo kwenda magharibi. Katika karatasi maneno hayo ni mepesi. Lakini mtu aliyepata kuona Bangweulu ataona shida yake: pale ni mabwawa na matete, na mto hautoki mahali pamoja kama maji yatokavyo katika mtungi. Wapimaji wa Uingereza na Ubelgiji walikuja kutafuta mpaka huo kwa miguu miaka ya 1911 mpaka 1914, na kazi ya nguzo iliendelea tena baada ya vita.

Wala si sisi peke yetu tuliopata nchi ya namna hiyo. Namibia ina mkono mrefu uitwao Caprivi, kwa sababu mwaka 1890 Wadachi walitaka kufika Zambezi. Afghanistan ina Wakhan, kipande chembamba milimani, kilichowekwa mwaka 1895 ili Warusi na Waingereza wa Bara Hindi wasipakane. Kila mahali kisa ni kimoja: wakubwa wa mbali walitafuta faida yao, na wenyeji hawakuulizwa.

Waliogawanywa

Walamba, Walala na Waushi walijikuta wengine huku, wengine kule. Kaka alilipa kodi kwa Wabelgiji, ndugu yake kwa Waingereza. Hata hivyo watu hawakuacha kutembeleana. Reli ilipofika Élisabethville mwaka 1910, vijana wengi wa Luapula na nchi za Wabemba waliandikwa kuja kufanya kazi katika Union Minière, na Kibemba kikasikika katika kambi zetu. Baadaye, migodi ya Nkana na Mufulira ilipokua, wengine walikatiza kidole kwa miguu kwenda huko.

Hata leo mtu wa Zambia anayetoka Mufulira kwenda Mansa kwa njia fupi lazima apite katika nchi yetu: aingie Mokambo, asafiri kilomita karibu 70, atokee Chembe. Asipotaka kuonyesha makaratasi mara mbili, azunguke kwa Serenje mamia ya kilomita. Zamani Chembe palikuwa na pantoni, na magari yalingoja zamu. Tangu 2008 kuna daraja. Mto umevukwa, lakini mpaka ungali pale.

Kwa nini haukubadilishwa?

Mtu aweza kuuliza: tulipopata uhuru, Kongo mwaka 1960 na Zambia mwaka 1964, mbona hatukuunyosha mstari huu? Jibu liko Cairo. Mwezi wa Julai 1964 wakuu wa Umoja wa Nchi Huru za Afrika waliazimia kuheshimu mipaka iliyokuwapo siku ya uhuru. Hawakusema kwamba mipaka ni ya haki. Waliogopa kwamba ukigusa mmoja, yote itatikisika, na damu itamwagika. Watu wa Katanga walijua uzito wa neno hilo. Walikuwa wametoka katika vita vya kujitenga vya 1960 mpaka 1963. Mwezi wa Septemba 1961 Dag Hammarskjöld, akienda kuonana na Tshombe kwa ajili ya amani, alikufa karibu na Ndola, hatua chache tu kutoka mpaka huu, pamoja na wenzake wote 15.

Basi tuutunze mpaka kama sheria inavyotaka, tulipe ushuru na kuonyesha makaratasi. Lakini mtu wa Chembe akija Lubumbashi kuuza samaki au kumzika mjomba wake, tusimwite mgeni kwa dharau. Babu zake na babu za majirani zetu wa Sakania walikunywa maji ya mto mmoja, kabla mtu yeyote hajaandika jina la mto huo katika mapatano.