Siku Gurudumu Lilipotozwa Faini

Kwa karne nyingi, hati ya mashtaka ya mauaji nchini Uingereza haikukamilika mpaka karani aandike bei ya silaha. Fulani alichomwa kisu, mahali fulani, akafa. Na kisu hicho kina thamani ya peni kadhaa. Mtu anayezisoma hati hizo leo anaweza kudhani karani alikuwa na tabia ya kuhesabu kila kitu. Sivyo. Kisu kile hakikuwa tena cha mwenyewe. Tangu kilipoua, kilikuwa mali ya mfalme, na mfalme alitaka kujua anadai kiasi gani.

Kitu cha namna hiyo kiliitwa deodand. Ni neno ambalo Mwingereza wa kawaida leo halijui, na hata mawakili wengi wa London hulikuta mara moja tu, katika vitabu vya mwaka wa kwanza. Hapa tuliite deodandi. Asili yake ni Kilatini cha kanisani, deo dandum, maana yake kitu kinachopasa kutolewa kwa Mungu. Farasi aliyempiga mtu teke akafa alikuwa deodandi. Mkokoteni uliomkanyaga mtoto, gurudumu la kinu lililomvuta msagaji, mti uliomwangusha mkwezi, vyote hivyo vilihesabiwa deodandi. Haikujalisha kama mwenye mali alikuwa na kosa. Jirani akiazima upanga wako bila ruhusa akaua nao, upanga umekwenda, na wewe huna pa kulalamika.

Wanahistoria wa sheria hupenda kuanzia katika Biblia, kitabu cha Kutoka sura ya 21, inayoagiza kwamba ng'ombe aliyemuua mtu kwa pembe apigwe mawe na nyama yake isiliwe. Waingereza waliichukua nusu ya kwanza ya wazo hilo, kwamba mnyama naye ana hesabu ya kutoa. Nusu ya pili waliiacha. Ng'ombe wao hakupigwa mawe, kwa kuwa ng'ombe aliye hai ana bei sokoni. Alikadiriwa thamani, na mwenyewe akatakiwa kumtoa au kulipa fedha sawa na hiyo.

Kazi ya kukadiria ilikuwa ya juri. Mtu akifa ghafla, afisa mchunguzi wa vifo alifika kijijini, akakusanya wanaume wasiopungua 12, wakaenda kuutazama mwili. Waliulizwa mambo machache. Nani amekufa? Amekufaje? Kitu gani kimemuua? Nacho ni bei gani? Kwa nadharia, fedha zilizopatikana zilikwenda kwenye sadaka na misa za kuiombea roho ya marehemu, ambaye alikuwa ameondoka duniani bila kuungama wala kupakwa mafuta. Kwa vitendo zilikwenda penye njaa kubwa zaidi. Wafalme walizoea kugawa haki ya kukusanya deodandi kwa makabaila, maaskofu na miji, sawasawa na walivyogawa haki ya kutoza ushuru wa soko. Mjane hakuwamo katika mgawo. Nitarudi kwake, maana ndiye aliyekuja kuiua sheria hii.

Aliyeieleza vizuri kuliko wote ni William Blackstone, ambaye juzuu ya kwanza ya kitabu chake kikubwa cha sheria za Uingereza ilitoka mwaka 1765. Ukurasa wake juu ya deodandi unafurahisha kuusoma, kwa jinsi mtu mwenye akili nyingi anavyojitahidi kutafuta mantiki katika kitu ambacho mantiki yake ilikwisha kufa. Chukua mkokoteni. Ukiwa umesimama, na mtu akapanda juu ya gurudumu, akateleza, akavunjika shingo, kinachochukuliwa ni gurudumu peke yake. Mwenye mali anabaki na mkokoteni wa gurudumu pungufu. Lakini mkokoteni ukiwa unakwenda, gurudumu likampita mtu, basi gurudumu linachukuliwa, na mkokoteni, na mzigo uliomo, kwa sababu uzito wa vyote hivyo ndio uliolikandamiza gurudumu juu ya mwili. Magunia ya ngano nayo yanakuwa yameshiriki kuua.

Mashua nazo zilikuwa na kanuni yake. Mtu akianguka kutoka chomboni akazama katika maji baridi, yaani mtoni au ziwani, chombo na shehena yake ni deodandi. Akizama katika bahari kuu, hakuna deodandi, kwani huko sheria ya kawaida ya nchi haikufika. Nahodha wa mtoni alikuwa na sababu nzuri ya kumshika abiria mkono wakati wa kushuka.

Kanuni inayoshangaza kuliko zote ilihusu watoto. Mtoto ambaye hajafikia umri wa kupambanua mema na mabaya akianguka kutoka kwenye mkokoteni au farasi aliyesimama, hakuna kinachotozwa. Mtu mzima akianguka vivyo hivyo, kinatozwa. Wanasheria waliotangulia walisema ni kwa sababu mtoto hawezi kujilinda. Blackstone hakuridhika na jibu hilo, na nadhani alikuwa sahihi, kwa kuwa likifuatwa mtoto ndiye angestahili kulindwa zaidi. Yeye alitazama nyuma, enzi za Ukatoliki. Mtoto hana dhambi, kwa hiyo roho yake haihitaji misa. Na kama haihitaji misa, fedha za nini? Misa zenyewe Uingereza ilikuwa imeziacha zaidi ya miaka 200 kabla. Msamaha wa mtoto uliendelea kutumika mahakamani, ingawa sababu yake hakuna aliyeikiri tena.

Watu wa juri, ambao walikuwa wakulima na mafundi wa kijiji kilekile, walikuwa na busara yao. Leo wamehukumu farasi wa jirani, kesho jirani atahukumu wa kwao. Basi walijifunza kupunguza. Badala ya kusema farasi ameua, walisema hatamu imeua. Badala ya mkokoteni, gurudumu moja, tena bovu, thamani shilingi moja. Kabaila mwenye haki ya kukusanya aliona anapunjwa, akalalamika mahakama kuu, na majaji wakakataa kumsaidia. Kufikia karne ya 18 deodandi ilikuwa imekuwa kitu cha peni chache, jambo la kuandikwa kisha watu warudi mashambani. Ingeweza kufa hivyo, kimyakimya.

Kilichoifufua ni reli, pamoja na hukumu moja fupi ya mwaka 1808.

Bwana mmoja aliyeitwa Baker alisafiri na mkewe juu ya gari la farasi la abiria. Gari lilipinduka. Yeye alichubuka, mkewe aliumia vibaya na baada ya kama mwezi mmoja akafariki. Baker aliwashtaki wenye gari. Jaji Mkuu, Lord Ellenborough, aliliambia juri kwamba mume anaweza kufidiwa kwa michubuko yake, na kwa kukosa msaada na uenzi wa mkewe katika wiki zile alizokuwa anaugua. Ila kuanzia siku ya kifo, basi. Katika mahakama ya madai, alisema, kifo cha binadamu hakihesabiki kuwa hasara ya kufidiwa. Baker alipata pauni 100.

Fikiria maana yake. Ukimvunja mtu mguu kwa uzembe, utalipa. Ukimuua, hulipi, maana mwenye kudai hayupo tena na walioachwa hawana haki. Kwa mwenye gari, maiti ilikuwa nafuu kuliko kilema. Ripoti ya kesi hiyo haina kurasa nyingi, na aliyeiandika alikuwa wakili kijana wa Kiskoti, John Campbell, aliyejipatia riziki kwa kuchapisha hukumu za siku. Lishike jina hilo.

Tarehe 15 Septemba 1830, siku ya kufungua reli ya Liverpool na Manchester, mbunge William Huskisson alishuka kwenye behewa lililosimama, akagongwa na injini iliyoitwa Rocket, akafa jioni hiyo. Juri lilisema ni ajali, na Rocket ikaachiwa bila kutozwa. Pengine lilimwonea haya aliyeitengeneza, Robert Stephenson, au lilihesabu kwamba yule alikuwa mheshimiwa aliyeshuka mwenyewe. Miaka 10 baadaye haya ilikuwa imekwisha. Waliokufa sasa walikuwa vibarua na mafundi, wajane wao hawakupata kitu mahakamani, na kampuni za reli zilikuwa zikitajirika. Watu wa juri walitafuta fimbo ya kuzichapa, wakaipata ukutani walikoitundika babu zao.

Alfajiri ya tarehe 24 Desemba 1841 treni ya mizigo iliondoka kituo cha Paddington, London, kuelekea magharibi. Ilivuta mabehewa mawili ya daraja la tatu, yaliyo wazi juu, kingo zake zikiwa fupi kiasi cha mtu aliyesimama kuweza kupinduka nje. Miongoni mwa abiria walikuwamo mafundi wa mawe waliokuwa wakijenga jengo jipya la Bunge, wakirudi makwao kwa Krismasi. Mahali panapoitwa Sonning, karibu na Reading, reli inapita katika bonde refu lililochimbwa kwa mikono ndani ya kilima. Mvua ilikuwa imenyesha sana, udongo ukaporomoka juu ya njia. Injini, Hecla, ilijikita katika udongo. Mabehewa ya abiria yalikuwa yamewekwa katikati, kati ya injini na mabehewa mazito ya mizigo, na mizigo ikayafuata kwa nyuma. Wanane walikufa papo hapo. Wa 9 alifuata baadaye.

Juri la Sonning halikutafuta gurudumu bovu la shilingi moja. Liliitoza injini na mabehewa yake deodandi ya pauni 1,000.

Miaka ile tozo kama hizo ziliongezeka, na wanasheria wa kampuni wakapata kazi ya kudumu ya kuzipinga. Mara nyingi walishinda, kwa kasoro za maandishi: juri halikueleza vizuri injini iliuaje, au neno fulani la lazima limerukwa. Hata pale zilipolipwa, mfuko uliopokea haukuwa wa mjane. Hapo ndipo upuuzi wa jambo zima ulipoonekana mchana kweupe. Sheria ilijua kupiga bei chuma kilichoua. Haikujua kumpa chochote yule aliyeachwa na watoto watano.

Aliyelishika suala hilo bungeni alikuwa yuleyule mwandishi wa hukumu wa mwaka 1808, sasa mzee wa miaka 60 na ushei, akiitwa Lord Campbell. Miswada miwili ilipata kibali mwezi mmoja, Agosti 1846. Mmoja ulifuta deodandi zote kuanzia tarehe 1 Septemba mwaka huo. Mwingine uliwapa wategemezi wa marehemu haki ya kumshtaki aliyesababisha kifo kwa uzembe na kudai fidia, mradi waende mahakamani ndani ya miezi 12. Mwanasheria anayefuta kwa mkono wa kulia hukumu aliyoiandika kwa mkono huohuo miaka 38 kabla ni tukio adimu, na sijaona kwamba Campbell mwenyewe alijivunia hilo inavyostahili.

Kampuni za reli zilishangilia mapema. Deodandi, hata ikiwa kubwa namna gani, haikuweza kuzidi thamani ya injini. Riziki ya familia haina dari ya namna hiyo, na wakili aliyekufa behewani aligharimu kuliko fundi.

Neno lenyewe halikuzikwa kabisa. Mwaka 1950 mwandishi wa hadithi wa Marekani, Jack Vance, aliliokota akawapa viumbe wake walao watu katika kitabu The Dying Earth, na siku hizi wanaolijua kwa njia hiyo huenda ni wengi kuliko wanaolijua kwa njia ya sheria. Nchini humohumo, mwaka 1974, Mahakama ya Juu iliamua kesi ya mashua ya starehe iliyokodishwa kwa wateja huko Puerto Rico, ikakutwa na bangi, ikachukuliwa na serikali. Kampuni yenye mashua haikujua lolote. Jaji Brennan, akiandika kwa niaba ya wengi, alianza na deodandi, akapitia historia yake hatua kwa hatua, kisha akahitimisha kwamba serikali ilikuwa na haki ya kuibakiza mashua. Mwenye upanga ulioazimwa angemwelewa.

Muswada wa pili wa Campbell ndio uliosafiri mbali zaidi, ukiwa ndani ya masanduku ya sheria za kikoloni. Tanzania ina sheria yake ya vifo vya ajali iliyotokana nao, na Kenya ina yake, Sura ya 32. Basi likipinduka Salgaa, nchini Kenya, hesabu inayofanywa mahakamani ni ya ukoo huo: marehemu alikuwa akipata kiasi gani kwa mwezi, angefanya kazi miaka mingapi zaidi, na sehemu gani ya mapato ililisha nyumba. Gari lenyewe hukaa uani kwa polisi kama kielelezo, likiota kutu, na kwa kawaida humrudia mwenyewe. Umati wa watu barabarani wakati mwingine hauna subira hiyo. Gari likimgonga mtoto wa shule, hulitia moto hapo hapo, dereva akiwa amekwisha kukimbia. Na sioni tofauti kubwa kati ya hasira hiyo na ile ya wanakijiji waliosimama kuzunguka maiti mbele ya afisa wa mfalme.

Sheria ya Kenya inawataja wanaostahili kufidiwa: mke, mume, mzazi na mtoto. Tafsiri yake inaongeza babu, bibi, mjukuu na wa kambo, na orodha inaishia hapo, kama ilivyoishia London mwaka 1846. Kaka hayumo. Mpwa aliyekuwa akilipiwa karo na mjomba wake hayumo, hata kama mjomba huyo ndiye baba pekee aliyemjua. Mawakili wa kampuni za bima wanaifahamu orodha hiyo vizuri.