Naibu Spika Alipokalia Kiti Arunachal Pradesh

Kifungu cha 180 cha Katiba ya India humpa Naibu Spika wa bunge la jimbo kazi inayoonekana ndogo: kukalia kiti pale Spika asipokuwepo. Udogo huo ulidhihirika kuwa wa udanganyifu mwezi Desemba 2015, katika jimbo la milimani la Arunachal Pradesh, lenye bunge la viti 60.

Spika Nabam Rebia alikuwa amewavua ubunge waasi 14 wa chama tawala cha Congress, akiwemo naibu wake, Tenzing Norbu Thongdok. Bunge likafungwa. Tarehe 16, katika ukumbi wa kijamii mjini Naharlagun, Naibu alitengua uamuzi huo, kisha akaongoza kikao kilichomng'oa Spika mwenyewe. Kesho yake, hotelini, zamu ikawa ya Waziri Kiongozi, Nabam Tuki.

Je, aliyevuliwa ubunge aweza kuongoza bunge? Tarehe 13 Julai 2016, majaji watano wa Mahakama ya Juu waliona kosa la awali ni la Gavana, aliyekileta mbele kikao cha Januari bila ushauri wa mawaziri. Yaliyotendwa kikaoni yakabatilika, Tuki akarejeshwa madarakani. Juma halikwisha kabla hajajiuzulu.